Maswali Yenu: Ukumbi wa kwata uliogeuzwa kizimba

Safari hii maswali yote ni ya sehemu moja. Swali la kwanza lilivyoingia nikalirusha kwenye grupu la wasomaji, nikadhani watu watalipita tu, kumbe yakaja mengine kibao juu yake, kwaiyo nimeona yakae pamoja na yale ya mbolea na ya vitambulisho yasubiri toleo lijalo, mnisamehe.

SWALI: Shikamoo mhariri. Mi ni mfanyabiashara wa Mbeya, huwa nashuka Joburg kuchukua nguo na spea, nalala kwa vijana wetu Hillbrow. Kila nikienda kupanda taxi pale Noord (wenzetu daladala ndo wanaita taxi, ukinyoosha kidole juu unaenda tauni) napita pembeni ya majengo ya zamani yana geti, ndani kuna uwanja wazi. Muuza mahindi akanambia hapo palikuwa jeshini. Jamaa mwingine akanambia si kweli, hapo palikuwa mahakama na Mandela alishtakiwa humo. Sa nani mkweli, na kama ni mahakama mbona halifanani na mahakama hata kidogo?

JIBU: Marahaba ndugu yangu. Wote wawili wakweli, ila kila mmoja kakupa nusu.

Hapo panaitwa Drill Hall, na jina lenyewe ndo kazi yake, ukumbi wa kwata. Mliopita JKT mnajua kwata inachezwa uwanjani juani, vumbi mpaka kwenye meno, mguu pande mguu sawa, nani atakuezekea. Sa Waingereza kwao mvua na baridi, na lile jeshi lao la kujitolea lilikuwa la watu wenye shughuli zao, makarani, mafundi, wauza duka, wanakuja jioni wakishatoka kazini, giza limeshaingia. Kwaiyo wakawa wanajenga holi moja kubwa, paa refu, katikati hakuna nguzo hata moja, ili kikosi kizima kiingie na kiambiwe nyuma geuka bila watu kugongana vichwa. Mtindo huo ulishika kasi baada ya 1859, mwaka walioingiwa na hofu kwamba Napoleon III wa Ufaransa anakuja kuwavamia, watu wakajiandikisha kwa maelfu, na 1908 serikali yao ilipoupanga upya ule mgambo zikaongezeka nyingine nyingi. Pembeni ya holi kunakuwa na stoo ya silaha, ofisi, chumba cha sajenti. Siku zisizo za kwata watu wanachezea dansi humo humo au wanapigana ngumi za mashindano, maana ukiwa na holi la namna ile kwenye mji mdogo kila mtu analitaka.

Wamarekani nao wanayo, makubwa kuliko ya Waingereza, wao waliyajenga kwa wingi baada ya mgomo wa reli wa 1877, matajiri walipoona wafanyakazi wanaweza kuufunga mji. Lile la Park Avenue pale New York siku hizi ni la maonyesho ya sanaa na muziki.

Sa turudi Noord. Waingereza walimaliza vita na Makaburu tarehe 31 Mei 1902, wakaichukua Transvaal ikawa koloni lao, na Johannesburg wakati huo ilikuwa mji wa juzijuzi tu, dhahabu iligunduliwa 1886. Mwaka 1904 wakajenga Drill Hall yao. Fikiria ni mji uliojaa wachimba migodi wa kila taifa, umeuteka jana, Kaburu amenuna, mgodi una maelfu ya vibarua weusi unaowalipa kiduchu. Hapo huhitaji kuambiwa kwa nini mtu anajenga ukumbi wa kwata katikati ya mji. Likawa pa jeshi kwa miaka mingi sana, vita vya kwanza vya dunia vikalikuta, vya pili vikalikuta.

Na msidhani hivyo vita vya kwanza havituhusu. Askari wa Afrika Kusini ndo walioletwa huku kwetu 1916 chini ya Jenerali Smuts kuja kumfukuza von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Mjerumani, na kipigo cha kwanza walikula kabla hata Smuts hajafika, kilima cha Salaita karibu na Taveta, tarehe 12 Februari, wakarudishwa mbio na askari weusi wa Mjerumani ambao asubuhi ile walikuwa wanawadharau. Ila hilo ni swali la siku nyingine, mkiuliza nitajibu, nalipenda sana.

Kwaiyo muuza mahindi yuko sawa, palikuwa jeshini tangu mwanzo. Na huyo jamaa mwingine yuko sawa pia kwa sababu ya mwaka mmoja na kidogo tu, kuanzia Desemba 1956.

SWALI: Mimi ni mwalimu wa historia hapa Kisumu. Naelewa kesi ya uhaini ya 1956 ila sijawahi kuelewa hili, kwani Johannesburg nzima haikuwa na mahakama mpaka kesi iende kusikilizwa kwenye holi la jeshi?

JIBU: Mwalimu, mahakama zilikuwepo, tatizo lilikuwa idadi. Alfajiri ya tarehe 5 Desemba 1956 polisi waligonga milango nchi nzima, na ndani ya kama wiki moja wakawa na watu 156. Waafrika 105, Wahindi 21, Wazungu 23 na wale wanaoitwa Machotara 7. Chifu Albert Luthuli rais wa ANC, chama kilichopigania haki za weusi, Oliver Tambo, Walter Sisulu, Mandela, Profesa Z.K. Matthews, mama Lillian Ngoyi, Helen Joseph, Ahmed Kathrada, Joe Slovo pamoja na mkewe Ruth First, yani mtu na mkewe wote ndani. Wote shitaka moja, uhaini, na adhabu yake ilikuwa inaweza kufika kunyongwa. Sa nipe chumba cha mahakama unachokijua wewe, hapo Kisumu au popote, kinachoweza kukalisha washtakiwa 156, afu mawakili, afu waandishi, afu polisi, na ndugu wa watu. Hakipo. Kilichokuwepo ni holi lililojengwa kumeza kikosi kizima bila nguzo katikati. Hapo ndo serikali ikakumbuka Drill Hall.

Na kesi yenyewe haikuwa kesi hasa kwa hatua ile. Ilikuwa ule uchunguzi wa awali, hakimu anasikiliza ushahidi aone kama kuna kitu cha kupeleka Mahakama Kuu. Kwetu wengi tunaujua mchezo huu kwa lugha ya upelelezi haujakamilika, unarudi tena baada ya siku 14.

Msingi wa mashtaka ulikuwa ule mkutano wa Kliptown wa tarehe 25 na 26 Juni 1955 uliopitisha Hati ya Uhuru, ile inayosema Afrika Kusini ni ya wote wanaoishi humo, weusi kwa weupe. Serikali ikasema hati hiyo ni mpango wa kupindua nchi na kuleta ukomunisti. Wakakusanya karatasi, vitabu, barua, mabango, kama vielelezo 12,000 hivi, vyote vikaingizwa kimoja kimoja na hakimu kavumilia hapo mbele. Kwenye huo mzigo mlikuwa na vibao viwili walivyovichukua polisi jikoni Kliptown, kimoja kimeandikwa supu yenye nyama na kingine supu isiyo na nyama. Mi kila nikifika hapo nacheka peke yangu kama mwehu. Kwa Mswahili supu isiyo na nyama labda kweli ni kosa la jinai, lakini uhaini?

Ila wewe kama Mkenya utakuwa umeshaanza kufikiria Kapenguria. Na mi ndo nilitaka kufika hapo. Kenyatta na wenzake watano 1952 hawakupelekwa mahakama ya Nairobi, walipelekwa kule mbali kaskazini, kesi ikasikilizwa darasani, na tarehe 8 Aprili 1953 akapigwa miaka saba. Mkoloni wa Kenya alitafuta mahali watu wasipofika. Wale wa Afrika Kusini, na nadhani hawakukaa kulifikiria vizuri, waliiweka kesi katikati ya mji, mwendo mfupi tu kutoka stesheni kuu ambako watu weusi wanashuka kwa maelfu kila asubuhi kwenda kazini. Utashangaa wakijaa?

Walijaa. Siku ya kwanza, tarehe 19 Desemba, washtakiwa wanatolewa gereza la Fort kwenye magari yaliyofungwa, yanasindikizwa na magari ya askari wenye silaha, na umati umeshafika kabla yao, unaimba, una mabango ya kusema tuko na viongozi wetu. Walioko ndani ya magari hawaoni kitu ila wanasikia.

SWALI: Nimesikia waliwafungia kwenye kizimba cha waya kama kuku. Ni kweli au ni chumvi za watu? — Msomaji, Tandika

JIBU: Ni kweli tupu.

Kiswahili chetu kina neno kizimba, na kina maana mbili ambazo huwa hatuzifikirii kwa pamoja. Kizimba cha kuku, na kizimba cha mahakamani anaposimama mshtakiwa. Pale Drill Hall maana zote mbili zilikuwa kitu kimoja.

Siku ya kwanza mambo yalikwenda ovyo mpaka aibu. Holi ni kubwa, tupu, paa la bati, Desemba kule ni kiangazi, na serikali ilisahau kufunga vipaza sauti. Hakimu anaongea mbele na mtu wa mstari wa nyuma haambulii kitu, na nje umati unaimba Nkosi Sikelel' iAfrika. Wakaahirisha mpaka kesho yake.

(Hapo kwenye wimbo naomba sekunde moja. Tuni yake mnaijua wote, ndo Mungu Ibariki Afrika yetu. Aliyeutunga 1897 ni Enoch Sontonga, mwalimu, alikuwa akiishi huko huko Johannesburg, na alifariki 1905, mwaka mmoja tu baada ya holi lile kujengwa. Kaburi lake liko Braamfontein, si mbali. Yani yule mtu na lile holi walikuwa majirani, na nusu karne baadaye wimbo wake ndo unamzuia hakimu asisikike.)

Kesho yake washtakiwa kufika wanakuta limejengwa banda. Nguzo na waya wa wavu, pande zote, mabenchi ndani. Wakaingizwa humo, nje ya waya wamesimama walinzi wenye silaha. Mawakili wao hawawezi hata kunong'ona nao, labda waongee kupitia matundu ya waya kama mtu aliyeenda kumsalimia ndugu rumande. Mmoja wa washtakiwa akachukua karatasi akaandika akaibandika kwenye waya: hatari, tafadhali usiwape chakula. Kama kibao cha bustani ya wanyama.

Mawakili walikasirika. Mmoja wao, Maurice Franks, alisimama akamwambia hakimu kwamba wateja wake wanatendewa kama wanyama wa mwituni na kama banda halitolewi basi upande wote wa utetezi unatoka nje ya holi. Hakimu akafikiria kidogo afu akaamuru litolewe, wakaanza kung'oa upande wa mbele kwanza. Wakati wanabishana ndani, nje polisi wakafyatua risasi kwenye umati na watu kama 20 wakajeruhiwa. Milio ilisikika mpaka ndani.

Waya ukaondoka, dhamana ikatolewa kabla ya Krismasi, na hapo napo ukaona nchi ilivyokuwa. Mzungu dhamana yake pauni 250, Mhindi 100, Mwafrika na Chotara 25. Shitaka ni moja, holi ni moja, bei tofauti kwa ngozi. Mi ningekuwa Mzungu wa pale ningeomba punguzo.

SWALI: Mbona kesi ile haikuwamaliza? Mtu anashikwa na viongozi wenzake wote 155, si chama kimekufa hapo? — kijana wa Dodoma

JIBU: Ndo swali ninalolipenda kuliko yote leo, na jibu langu ni kwamba holi lenyewe ndo lililowaokoa. Najua linasikika kama maneno ya kijiweni ila nisikilize.

Kabla ya Desemba 1956 viongozi wale walikuwa wamepigwa marufuku, mmoja haruhusiwi kutoka wilaya yake, mwingine haruhusiwi kuhudhuria mkutano wowote, mwingine yuko Natal na mwenzake yuko Cape, umbali wa treni siku nzima na zaidi. Luthuli alikuwa amefungiwa kwake Groutville. Hakukuwa na namna halali ya kuwakalisha watu hao chumba kimoja. Serikali ikaja ikafanya kazi hiyo yenyewe, kwa gharama zake, ikawakamata kila kona na kuwaleta pamoja, kwanza kwenye sero kubwa za Fort, afu kila siku ya kesi kwenye benchi za Drill Hall, kuanzia Desemba 1956 mpaka Januari 1958. Ukikosa kufika unakuwa umevunja dhamana. Kuna chama gani kimewahi kupata kamati kuu inayohudhuria kwa lazima mwaka mzima?

Kule Fort tu, kabla hata ya hakimu, walishaanza. Wakapanga mihadhara, kila mtu anafundisha anachojua. Siku moja M.B. Yengwa, mtu wa Natal, akajitupia blanketi begani, akashika gazeti lililokunjwa kama ndo mkuki, akaanza kughani sifa za Shaka kwa Kizulu, na Chifu Luthuli akaruka akaanza kucheza na wengine wote wakafuata, wasio Wazulu wakiwemo. Mandela alilikumbuka tukio hilo mpaka uzeeni.

Holini kwenyewe kesi ilikuwa inachosha, vielelezo vinasomwa siku nzima, watu wanacheza chesi, wanajaza mafumbo ya maneno, wengine wanasinzia. Ila chakula cha mchana wanakula pamoja, na jioni wanatoka pamoja, wanapanga mambo. Mkomunisti mweupe aliyesoma London anakaa benchi moja na mkulima wa Zululand na mfanyabiashara Mhindi wa Durban. Nje maisha yaliwapiga vibaya, sitaki niseme ilikuwa pikiniki. Watu walipoteza kazi, ofisi ya uwakili ya Mandela na Tambo ikafa polepole maana wenye ofisi wanashinda kizimbani. Lakini kama serikali ilitaka kuwatenganisha, ilichagua jengo baya kuliko yote mjini.

Na ushahidi nao haukuwasaidia. Kuna mpelelezi aliletwa aseme hotuba alizozinukuu kwenye mikutano, wakili wa utetezi Vernon Berrangé akamuuliza unaelewa Kiingereza? Si sana, anajibu. Kwaiyo umeandika ripoti ya hotuba za Kiingereza na Kiingereza hukielewi vizuri? Ndiyo mheshimiwa. Afu wakaleta profesa wa chuo kikuu cha Cape Town, Andrew Murray, ndo mtaalamu wa ukomunisti wa serikali, ukimsomea sentensi anakwambia hii ya kikomunisti, hii siyo. Berrangé akawa anamsomea vipande bila kumtajia nani kaandika, profesa anatoa hukumu, na kimoja akakisema ni ukomunisti wa waziwazi kabisa. Kumbe kilikuwa maandishi yake mwenyewe profesa, ya miaka ya 1930.

Desemba 1957 mashtaka yakafutwa kwa zaidi ya watu 60, Luthuli na Tambo wakiwemo. Waliobaki Agosti 1958 wakahamishiwa Pretoria, kwenye sinagogi la zamani, mbali na umati wa Johannesburg (hapo angalau walikuwa wamejifunza kitu), na tarehe 29 Machi 1961 majaji wakawaachia wote waliokuwa wamebaki.

SWALI: Ni kweli Mandela alimpata Winnie kwenye kesi hiyo? — Mama wa Tabata

JIBU: Hapana mama, wakati wa kesi ndiyo, holini hapana. Alimwona kituo cha basi karibu na hospitali ya Baragwanath akiwa anapita na gari, afu wiki chache baadaye binti yuleyule akatokea ofisini na kaka yake kwa shida za kisheria. Hiyo ni 1957. Ndoa Juni 1958, aliomba ruhusa ya siku chache akaoe, akarudi kwenye uhaini wake.

SWALI: Mzee wangu anasema wale Waafrika Kusini waliokaa Mazimbu Morogoro ndo hao hao walioshtakiwa kwenye hilo holi. Tumebishana nyumbani, tusaidie.

JIBU: Mwambie mzee kwa heshima zote kachanganya rika mbili. Wengi wa Mazimbu ni watoto wa Soweto, wale waliokimbia baada ya mauaji ya Juni 1976, chuo chao kikaanza 1978 na baadaye kikapewa jina la Solomon Mahlangu aliyenyongwa tarehe 6 Aprili 1979. Wengi wao mwaka wa Drill Hall walikuwa hawajazaliwa. ANC ilikabidhi Mazimbu kwa serikali yetu 1992 na leo ni kampasi ya SUA.

Ila mzee hajakosea moja kwa moja. Wakubwa waliowaongoza watoto hao walipitia kwenye zile benchi. Tambo alitoroka 1960 baada ya mauaji ya Sharpeville kwa gari mpaka Bechuanaland (Botswana ya leo), ndo akaja huku, na ule mkutano mkubwa wa ANC wa Morogoro wa Aprili 1969 yeye ndo aliyekuwa kaimu rais wa chama. Moses Kotane na Duma Nokwe nao ni watu wa 156, nao walikaa sana nchini kwetu.

Na wewe wa Mbeya uliyeanzisha haya yote, hili ni lako. Januari 1962, wiki chache tu tumepata uhuru, Mandela akatoroka kwao na kituo cha kwanza Tanganyika kilikuwa Mbeya. Akaingia hotelini akakuta weusi na weupe wamekaa ukumbi mmoja wanapiga stori, hakuna anayestuka, na alisema hapo ndo alihisi kweli yuko nchi inayotawaliwa na Waafrika. Mtu aliyeshinda mwaka mzima kwenye holi ambalo hata dhamana ina rangi, akakaa kwenye kiti cha hoteli Mbeya.

SWALI: Sasa hivi kuna nini pale? Nikienda nione nini? — Msomaji, Mombasa

JIBU: Usiende ukitegemea kuona lile holi, halipo. Baada ya jeshi kuondoka majengo yakatelekezwa, wasio na makazi wakaingia kuishi humo, na mwanzoni mwa miaka ya 2000 moto ukalimaliza holi, na watu walikufa. Ni kitu ambacho vipeperushi vya utalii huwa vinakipita haraka na mi sipendi hivo, maana wale waliokufa walikuwa wanalala mahali ambapo nchi nzima ilisema ni pa historia ila hakuna aliyekuwa anafagia. Mwaka 2004 jiji likapakarabati, majengo ya pembeni yakarudishwa, na pale palipokuwa na sakafu ya kwata pakaachwa uwanja wazi. Ndo huo anaouona ndugu yetu wa Mbeya. 2008 vijana wa mtaa wakafungua maktaba ya jamii inaitwa Keleketla, wakawa wanafundisha watoto humo baada ya shule.

Kwaiyo ukifika simama katikati ya huo uwanja, jaribu kupiga picha kichwani watu 156 wamekaa hapo na bati juu. Shikilia simu yako vizuri, pale ni Noord, nisije nikalaumiwa.

SWALI: Ile picha maarufu ya washtakiwa wote wamepangwa kwa mistari, ilipigwa ndani ya Drill Hall? — Msomaji, Zanzibar

JIBU: Hapana, na haikupigwa mahali popote, yani hawakuwahi kukaa hivyo wote kwa pamoja. Mpiga picha alikuwa Eli Weinberg, mzaliwa wa Latvia aliyehamia Afrika Kusini. Alipanga awapige kwenye bustani ya Joubert Park iliyo hapo jirani, mabenchi ya ngazi yakaandaliwa, kila kitu tayari. Msimamizi wa bustani alipojua kwamba kundi limechanganya weusi na weupe na Wahindi akakataa kata kata. Weinberg akawapiga makundi makundi, afu akakaa na mkasi na gundi akaziunganisha zikawa picha moja. Ndo unayoiona kila mahali leo. Ukiikuza kwenye simu angalia kwa makini wanapokutana watu wa kundi moja na jingine.

Baadaye Weinberg naye ilibidi akimbie, 1976, akapewa hifadhi Tanzania na alifia Dar es Salaam mwaka 1981.

Joubert Park bado ipo, dakika chache kwa mguu kutoka kwenye lile geti. Ina wapiga picha wake wa mtaani wa miaka mingi, kila mmoja na kona yake anayoijua, ukipita wanakuita uje upigwe.